Watoto 42 na Mzee Mmoja

Julai 1945 Kinji Fukasaku alitimiza miaka 15, na shule ilikuwa imebaki jina tu. Darasa lao zima lilikuwa limepelekwa kufanya kazi katika kiwanda cha silaha huko Hitachi, mkoa wa Ibaraki, kwa kuwa wanaume waliopaswa kushika nyundo zile walikuwa wamekwisha kupelekwa vitani. Mwezi huohuo manowari za Marekani na Uingereza zilisogea pwani na kuyamiminia makombora maeneo ya viwanda vya Hitachi. Watoto hawakuwa na pa kukimbilia. Walilaliana, kila mmoja akijitahidi kupenya chini ya mwenzake. Makombora yalipokoma, waliokuwa chini ndio waliokuwa hai, na kazi iliyowangoja ikawa ni kukusanya vipande vya miili ya waliokuwa juu.

Hadithi hiyo Fukasaku aliirudia mara nyingi uzeeni, na kila mara aliongeza kitu ambacho wasikilizaji walikiruka. Alisema hakuwachukia Wamarekani kiasi alivyowachukia watu wazima wa kwao. Agosti mfalme alitangaza redioni kwamba vita vimekwisha. Shule zilipofunguliwa, wanafunzi waliagizwa kuchukua brashi na wino mweusi wazifute sentensi za vitabu walivyokuwa wakivikariri juzi tu. Mwalimu aliyewahimiza kufa kwa ajili ya taifa sasa alisimama palepale, kwenye ubao uleule, akifundisha demokrasia. Ukitaka kuelewa kwa nini mzee wa miaka 70 alitengeneza filamu ambayo ndani yake watoto wa darasa moja wanauana mpaka abaki mmoja, anzia kwenye wino huo. Wabunge waliotaka kuizuia waliianza habari mwishoni.

Miaka iliyofuata naipita haraka. Fukasaku alijifunza kazi katika kampuni ya Toei, akaanza kuongoza filamu 1961, na baadaye akaitwa kusaidia upande wa Kijapani wa filamu ya Pearl Harbor ya 1970, Tora! Tora! Tora!, baada ya Akira Kurosawa kuondolewa. Jina lake lilipaa 1973 kwa mfululizo wa filamu za majambazi wa Hiroshima, unaoanza kwa picha ya wingu la bomu la atomiki. Watazamaji wa Kijapani walikuwa wamezoea majambazi wenye heshima na kiapo, wanaokufa kwa utulivu. Wa Fukasaku ni vijana waliorudi kutoka vitani bila kitu, wanaogombania soko la magendo, wanaopiga risasi huku mikono ikitetemeka, na kamera inatetemeka pamoja nao. Wakubwa wao hukaa vyumba vya nyuma na kupatana. Anayekufa ni kijana.

Wakati huo Koushun Takami alikuwa bado mtoto. Alizaliwa 1969, akakulia Kagawa katika kisiwa cha Shikoku, akafanya kazi ya uandishi wa habari katika gazeti la huko kabla ya kuacha ili aandike riwaya. Alichoandika ni hiki: katika jamhuri ya kubuni ya Asia ya Mashariki, dola la kidikteta huchagua madarasa ya watoto wa miaka 15, huwapeleka mahali pasipo njia ya kutokea, huwavika pete ya chuma yenye baruti shingoni, humpa kila mmoja mkoba wenye silaha bila kujua ni ipi, kisha huwaambia wauane. Mmoja wao akipata bunduki, mwingine huambulia uma wa mezani. Darasa la riwaya lina wanafunzi 42, wavulana 21 na wasichana 21, na Takami anampa kila mmoja jina, nyumba anakotoka, rafiki, na mtu anayempenda kimyakimya. Ndiyo maana kitabu ni kinene. Hakuna anayekufa akiwa namba tu.

Aliipeleka kwenye shindano la riwaya za kutisha. Ikafika raundi ya mwisho na kutupwa, waamuzi wakisema wazi kwamba maudhui yake yanakirihisha. Kampuni ndogo ya Ohta ilithubutu kuichapa Aprili 1999, kwa jina Battle Royale, na ikauzwa kama maji ya kunywa.

Kilichowakirihisha waamuzi kilikuwa na sababu. Mwaka 1997, huko Kobe, watoto wawili waliuawa kwa namna ambayo magazeti yalishindwa kuieleza bila kutetemesha wasomaji, na polisi walipomkamata muuaji akawa mvulana wa miaka 14. Nchi nzima iliyokuwa ikimtafuta mtu mzima mwenye kichaa ilijikuta ikiangalia mtoto wa shule. Hata baada ya kitabu kutoka, Mei 2000, kijana wa miaka 17 aliteka basi lililotoka Saga, akiwa na kisu, na abiria mmoja akauawa. Walimu walikuwa wakilalamika kwamba madarasa yanavunjika, watoto hawakai wala hawasikii. Juu ya hayo, uchumi uliokuwa umevimba miaka ya themanini ulikuwa umepasuka, na vijana waliomaliza shule walikuta kampuni zilizowaajiri baba zao kwa maisha yote hazina nafasi tena. Baba wenyewe, wakiwa na miaka 50, walikuwa wakipunguzwa kazini.

Katika hali hiyo mtoto wa Fukasaku, Kenta, alimpelekea baba yake kitabu cha Takami. Kenta aliandika mchezo wa filamu, mzee akaongoza, Toei ikalipa. Na wawili hao walibadilisha jambo moja ambalo kwa maoni yangu ndilo linaloifanya filamu iwe kubwa kuliko sifa yake ya damu.

Katika riwaya, dola huwauanisha watoto kama sehemu ya utafiti wa kijeshi. Ni udikteta wa kawaida, na sababu zake ni za kidikteta. Katika filamu hakuna dikteta. Maandishi ya mwanzo yanaeleza kwamba ukosefu wa ajira umefika asilimia 15, watu milioni 10 hawana kazi, wanafunzi 800,000 wamegoma kwenda shule, uhalifu wa vijana umezidi, na watu wazima, wakiwa wamepoteza kujiamini, wamekuwa na hofu na watoto. Wakapitisha sheria bungeni, na kila mwaka darasa moja linachaguliwa kwa kura. Yaani ni nchi yenye bunge, utaratibu na vyombo vya habari. Katika dakika za kwanza waandishi wanasukumana kumpiga picha mshindi wa mwaka uliopita: kibinti kilicholoa damu, kimekumbatia mwanasesere, kinatabasamu.

Mabadiliko ya pili ni ya mwalimu. Takami alimpa mwendesha mchezo jina la kejeli lililokaribiana na la mwalimu mpendwa wa tamthilia maarufu ya televisheni, yule mwenye nywele ndefu na moyo wa dhahabu aliyewaliza Wajapani tangu 1979. Filamu ilimwacha huyo ikamchukua Takeshi Kitano, mchekeshaji aliyegeuka mwongozaji, na kumwita Kitano vilevile. Anavaa suti ya michezo, anatafuna biskuti, anatembea kwa uchovu. Miaka miwili kabla mwanafunzi alimchoma kisu kwenye korido ya shule na hakuna aliyeadhibiwa. Binti yake mwenyewe anampigia simu kumwambia kwamba anamdharau. Anapowaeleza wanafunzi kwamba leo watauana, anawaonyesha mkanda wa video ambamo dada mchangamfu, kwa sauti ya vipindi vya watoto, anafafanua jinsi pete za shingoni zinavyolipuka. Sioni tukio la kutisha zaidi ya hilo katika filamu nzima.

Wengi husema filamu hii inafurahia mauaji. Nadhani hawakuitazama sehemu ya mnara wa taa. Wasichana sita, marafiki wa siku zote, wamejificha humo, wamepika, wanamuuguza mvulana aliyejeruhiwa. Kwa muda wanakaribia kuthibitisha kwamba mchezo unaweza kukataliwa kwa kutoucheza. Mmoja wao alimwona mvulana yule akipambana na mwenzao aliyekufa, akamhofia, akatia sumu katika sahani yake. Chakula kinaliwa na mtu mwingine. Ndani ya muda mfupi kuliko ninavyotumia kulieleza hili wanatuhumiana, bunduki inakamatwa, na watano wamelala sakafuni. Aliyetia sumu anajirusha kutoka juu. Hakuna mwovu pale, wala hasira ya vijana, wala athari ya michezo ya video. Kuna watoto walioaminiana kwa miaka tisa ya shule na mtu mzima aliyewafundisha kutoaminiana kwa usiku mmoja. Mzee aliyewahi kulala chini ya maiti za wenzake alijua kwamba anayejificha nyuma ya rafiki hahitaji kuwa mkatili. Inatosha awe na hofu.

Novemba 2000 habari zilifika bungeni. Koki Ishii, mbunge wa chama cha Demokrasia, aliihoji serikali itafanya nini juu ya filamu ambayo, kwa maoni yake, ingewachochea vijana. Wabunge walionyeshwa filamu kabla ya umma, na Fukasaku akajitokeza kuitetea. Bodi ya Eirin, chombo cha kupima filamu kilichoundwa na wenye sinema wenyewe 1949, ilikwisha kuipa daraja la kuwazuia walio chini ya miaka 15. Kwa hiyo watoto waliozuiwa mlangoni walikuwa takriban rika lilelile lililokuwa likifa kwenye skrini. Mzee alikasirika. Alisema hadharani kwamba filamu aliwatengenezea wao, na kwamba hangewalaumu wakijipenyeza.

Kuna jambo jingine lililopita bungeni mwezi huohuo, na halikuzua kelele za aina hiyo. Sheria ya watoto ilirekebishwa, umri wa kuweza kushtakiwa kama mhalifu ukateremshwa kutoka miaka 16 hadi 14. Ndani ya filamu, bunge lililowaogopa watoto linapitisha sheria dhidi yao. Nje ya filamu bunge liliikemea filamu kwa kuwaza hivyo, kisha likapigia kura sheria yake. Sisemi sheria hizo mbili ni sawa, la hasha. Moja huua na nyingine hupeleka mahakamani. Nasema mwongozaji hakuwa amebuni mbali kiasi walichodai.

Wajapani wenye umri mkubwa walikwisha kuuona mzozo wa namna hii. Mwaka 1956 zilitoka filamu za wale walioitwa kabila la jua, vijana wa matajiri wanaokaa ufukweni na maboti, pombe na ngumi. Chanzo chake kilikuwa riwaya ya kijana wa chuo kikuu, Shintaro Ishihara, iliyotunukiwa tuzo ya Akutagawa. Wazazi na walimu walipiga kelele, na Eirin ikalazimika kupangwa upya ili iwaingize watu wasiokuwa wa biashara ya sinema. Mwaka 2000 Ishihara yuleyule alikuwa gavana wa Tokyo, na muongo mmoja baadaye serikali yake ya jiji ilipitisha kanuni kali juu ya katuni, za vitabuni na za filamu, zinazodhaniwa kuharibu vijana. Nimewahi kujiuliza kama alipoitia saini aliwakumbuka wazazi wa 1956.

Uingereza nako walikuwa wamepitia njia hiyo, kwa mwisho wa ajabu. Anthony Burgess alichapisha A Clockwork Orange 1962, akiwa na donda la vita pia: mke wake alishambuliwa London mwaka 1944 na wanaume ambao kwa maelezo yake walikuwa askari watoro wa Marekani, naye Burgess yuko kambini Gibraltar. Aliyatia yale katika kundi la vijana wa kesho wanaopiga na kunajisi kwa starehe, kisha akaiacha serikali imkamate kiongozi wao na kumgeuza mashine isiyoweza kuchagua. Kitabu kilikuwa na sura 21. Katika ya mwisho kijana anakua, anachoshwa na ukatili, anaanza kutamani mtoto wake mwenyewe. Mchapishaji wa Marekani aliikata sura hiyo, na ni toleo lile lililokatwa alilolifuata Stanley Kubrick katika filamu ya 1971. Hivyo dunia ilimjua kijana asiyekua. Magazeti yalianza kuita kila shambulio la mtaani jina la filamu. Mahakamani Oxford, wakili wa mvulana wa miaka 16 aliyemuua mzee asiye na makazi aliitaja filamu kama sababu. Mvulana alikuwa hata hajaiona, alisimuliwa tu na wenzake. Familia ya Kubrick ilitishiwa, naye akaiomba kampuni iiondoe Uingereza. Serikali haikupiga marufuku. Aliyeificha kwa zaidi ya miaka 25 ni mtengenezaji mwenyewe, na majumba ya sinema ya Uingereza yaliipata tena 2000, mwaka uliofuata kifo chake.

Fukasaku hakuificha ya kwake. Ilifunguliwa tarehe 16 Desemba 2000, na kelele za wabunge zikawa tangazo la bure. Iliingiza zaidi ya yeni bilioni 3, mojawapo ya filamu za Kijapani zilizoingiza pesa nyingi katika msimu ule. Vijana walipanga foleni. Wimbi la mauaji lililotabiriwa halikuja.

Mbunge Ishii hakuishi kuona mengi ya baadaye. Oktoba 2002 alichomwa kisu hadi kufa nje ya nyumba yake, Setagaya, Tokyo. Alikuwa ameshajijengea jina kwa kufukua matumizi mabaya ya fedha za serikali, na aliyemuua alikuwa mtu mzima wa mrengo wa kulia. Miezi michache baadaye, tarehe 12 Januari 2003, Fukasaku naye alifariki kwa saratani ya tezi dume akiwa na miaka 72. Alijua anakufa alipoanza kupiga picha sehemu ya pili ya filamu, na aliwahi kidogo sana, Kenta aliimalizia. Sehemu hiyo haina nguvu ya kwanza. Watoto waliobaki wamekuwa waasi wenye hotuba ndefu, na hofu ile ya mnara wa taa imegeuka milio ya risasi tu.

Huko Marekani filamu ilichelewa sana. Aprili 1999 wanafunzi wawili walikuwa wamewaua wenzao 12 na mwalimu katika shule ya Columbine, na hakuna msambazaji mkubwa aliyetaka kuigusa filamu ya wanafunzi wenye bunduki. Ilitolewa rasmi 2012, kwenye diski za nyumbani, mwezi uleule wa Machi ambao The Hunger Games ilifungua majumba ya sinema duniani kote. Suzanne Collins, aliyeandika riwaya ya The Hunger Games 2008, alituhumiwa wizi. Alijibu kwamba hakuwahi kukisikia kitabu cha Takami hadi alipokuwa amekabidhi cha kwake. Asili ya hadithi aliieleza hivi: usiku mmoja alikuwa akibadilisha chaneli za televisheni, huku vijana wanashindania zawadi, kule vijana wanapigana Iraki, picha zikachanganyikana kichwani. Baba yake alipigana Vietnam. Mimi namwamini. Burgess, Fukasaku, Collins: hakuna aliyehitaji kumwibia mwenzake, kila mmoja alikuwa na vita yake nyumbani.

Tofauti yao iko kwenye kamera. Hollywood ilitaka watoto wa miaka 13 walipe kiingilio, kwa hiyo katika The Hunger Games vijana 24 huingia uwanjani na picha hugeuka kando kila mmoja anapokufa. Damu ni kidogo, mavazi ni mazuri. Huwa natilia shaka usafi huo. Mtoto anayekufa bila kuonekana anasameheka upesi. Hata hivyo hadithi hiyo safi ndiyo iliyotoka nje ya skrini kwa namna ambayo hakuna mkaguzi aliyeitazamia. Baada ya mapinduzi ya kijeshi ya Mei 2014, vijana wa Thailand walianza kuinua vidole vitatu, saluti ya filamu, mbele ya wanajeshi, na Novemba mwaka huo wanafunzi wa Khon Kaen walikamatwa kwa kumwinulia Jenerali Prayuth, kiongozi wa mapinduzi yale, akihutubia. Februari 2021, baada ya jeshi la Myanmar nalo kupindua serikali, vidole vilevile vilijaa mitaa ya Yangon, mikononi mwa wahudumu wa hospitali na wanafunzi. Waliokuwa na bunduki walikuwa upande wa pili.

Jina la filamu ya Fukasaku lilipata maisha ya aina nyingine. Brendan Greene, Mwailandi aliyekuwa akitengeneza michezo ya kompyuta, aliiona na kulitumia jina lake kwa mchezo ambamo wengi wanaingia kisiwani na kubaki mmoja. Mwaka 2017 ilitoka PUBG, kisha nyingine nyingi, na leo mtoto wa miaka 12 wa Mombasa au Mwanza anaweza kucheza battle royale kwenye simu ya mjomba bila kujua kwamba jina hilo lilianza na pete ya chuma shingoni. Michezo imechukua kisiwa na silaha za bahati nasibu, ikaacha bunge, ikamwacha na mwalimu. Hakuna anayewapeleka wachezaji kule. Wamejipeleka wenyewe, na wakifa wanaanza upya.

Miongoni mwa waigizaji wa 2000 alikuwamo Taro Yamamoto, aliyecheza kama Kawada, kijana mwenye kovu aliyekwisha kunusurika mchezoni mara moja na anayerudi kuwasaidia wenzake wautoroke. Baada ya janga la nyuklia la Fukushima mwaka 2011 aliingia katika harakati za kupinga nishati hiyo, na kazi za uigizaji zikapungua. Julai 2013 wapiga kura wa Tokyo walimchagua kuingia Baraza la Juu la Bunge, na 2019 akaunda chama chake, Reiwa Shinsengumi, kilichopata kura kwa vijana wenye madeni na ajira za muda. Huko bungeni alikemewa zaidi ya mara moja kwa utovu wa nidhamu.